Mama Shemasi wa Milango Mbili

Niulize kwanza: nani kati yenu alishaka ona nyumba yenye bageni ba mulango ya mbele habapashwe kuona bageni ba mulango ya nyuma, na bote bamealikwa, na bote banakula ku chungu moja? Najua hamujaona. Mimi nimeona, na nimekula mule mpaka nikalegeza kitenge ya kiuno. Ilikuwa ku Hilliard, pale kando ya Columbus, na mwenye nyumba tulikuwa tunamuita Mama Shemasi. Jina ingine alikuwa nayo, bazazi bake habakumuacha hivi hivi, lakini mimi sikuitumikisha hata siku moja. Leo nikiianza, nitaona kama ninasema mutu mwingine.

Bon, niwaweke mu njia kwanza. Binti yangu, Mama Riziki, alikuwa anakaa na bwana yake ku Louisville. Bakashindwana. Namna gani bakashindwana ni mambo yao bawili, mimi sikulala mu chumba yao. Binti akachukua batoto, Riziki na ndugu yake mudogo Dieumerci, akakuja kwangu huku Buffalo, tukapanga nyumba hapa Cheektowaga, kwenye ndege zinapita juu ya chungu yetu ya sombe, ile mboga ya majani ya muhogo, zikienda kushuka. Papa Riziki akabaki Louisville na kazi yake ya kupakia makarton. Jaji akasema: batoto bakae na mama, lakini vakansi baende kwa baba, na bazazi bapokezane batoto katikati ya njia. Sasa ukikamata njia ya kutoka huku mpaka Louisville, ukiikunja kama kitenge, pale inakunjika ni Columbus.

Mara ya kwanza tulikutana ku kituo ya mafuta. Gari yetu huku, gari yake kule, vioo juu. Batoto bakashuka na mifuko yao, bakavuka sawa batu benye banabadilisha basi. Dieumerci alikuwa mudogo bado, akatapikia viatu vyake. Hakuna mukubwa alishuka. Mimi nilikuwa kiti ya nyuma, nimejifunika kitenge kichwa yote, juu yule mwanaume alikuwa mukwe wangu.

Hapa nieleze, juu batoto ba huku habajui tena. Kwetu ku milima, mama mukwe na mukwe habaangaliane. Habakae mu chumba moja, habakule mbele ya mwenzake. Haiko chuki. Ni heshima, mpaka heshima yenyewe inaona haya. Mwanaume akiona mama mukwe wake anakuja mu njia, anaingia mu mihindi mpaka apite. Na ndoa ikivunjika? Ng'ombe za mahari zilitoka kwao zikaingia kwetu, hakuna mutu alizirudisha. Donc mukwe ni mukwe, hata jaji aseme nini.

Mama Shemasi alisikia habari yetu ku kilio. Mutu wa kanisa yetu alifariki Columbus, tukaenda, na yeye ndiye alikuwa anagawanya bugali. Mwanamuke mufupi, sweta ya kiume mu joto ya July, chini soksi nene na viatu vya theluji. Mutu akamunong'onezea ile mambo ya kituo ya mafuta. Aliacha mwiko ndani ya chungu, akakuja akasimama mbele yangu.

"Mama, batoto habako mafuta. Habapokelewe ku kituo."

Kisha akasema nyumba yake iko na milango mbili, akarudi ku bugali. Hakuuliza kama tunakubali. Baavoka, bale batu ba kusemea wengine ku korti, bakaandikiana, bakaona ni sawa, na Papa Riziki akasema ni sawa. Binti yangu ndiye alisema atafika lakini hatashuka.

Siku ile sisi ndiyo tulitangulia kufika. Mama Shemasi akatupitisha nyuma, ku majani, mulango ya jikoni. Kati ya jikoni na salon ya kupokelea bageni alikuwa amefunga kamba, na ku kamba ametundika kitenge nzima, ya kijani, yenye ndege nyekundu. Nikasikia mulango ya mbele. Papa Riziki akaingia, akakohoa. Na mimi nikakohoa. Hiyo ndiyo ilikuwa salamu yetu. Batoto bakaangalia kitenge, bakaangaliana, na Dieumerci akapiga magoti akapita chini yake, anacheka. Nikasema kumbe mutoto anaweza kutoka kwa mama kwenda kwa baba bila kutapika.

Binti yangu alikuwa mu gari na simu yake. Mama Shemasi hakumubembeleza. Alimupelekea sahani ku kioo, akarudi. Vakansi yenye ilifuata, vile vile, sahani ku kioo. Na ile sahani yake, Mama Shemasi alikuwa anaichota mbele ya kutia chumvi, kisha anasema alisahau. Sisi tulikuwa tunakula mboga tamu, binti anakula majani ya moto. Siku moja uvumilivu ikamuisha, akaingia jikoni kutafuta chumvi. Mama Shemasi akamuonyesha chumvi na kiti pamoja. Tangu siku ile hakurudi mu gari mpaka chungu iishe.

Hiyo ndiyo ilikuwa sheria ya mule: hakuna kuondoka bila kula. Alikuwa anapika chungu moja, sombe na ndagala, vile visamaki vya kukausha, anaigawanya mu sahani za mbele na sahani za nyuma, na yenye inabaki anaigawanya tena mu masanduku ya plastiki. Moja inaenda kusini, moja inaenda kaskazini. Papa Riziki akifika Louisville na sisi tukifika Buffalo, harufu ya mu gari ni moja. Nilimuuliza siku moja juu ya nini anajichosha hivi. Akasema: "Mutoto hana nusu, mama. Akitoka hapa ananuka samaki, bote bawili banuke samaki."

Kazi yake ilikuwa ku hoteli, kukunja mashuka. Na ile kazi ilikuwa imemuingia mu mikono. Alikuwa anakunja kila kitu: mifuko ya plastiki, karatasi ya sabuni, koti yako mbele hujamaliza kuivua. Ukimupatia mutoto mwenye analala, anamukunja pia, miguu ndani, mikono ndani, anamuweka ku kiti kama taulo. Sasa mikono ile ndiyo ilimaliza vita ya nguo. Juu nyinyi benye muliachana munajua: nilituma mutoto na koti mupya, amerudi na koti ya zamani, nilinunua viatu, viko wapi. Simu zinapigwa juu ya soksi. Mama Shemasi akachukua kabati ya mu koridor, akaweka nguo za Louisville juu na nguo za Buffalo chini. Batoto bakifika, banavua za huku, banavaa za kule. Binti yangu akikuja kubachukua, anakuta koti yake mwenyewe, imekunjwa sawa ya dukani. Siku moja tu Dieumerci alirudi na kiatu moja ya Louisville na moja ya Buffalo, na akakataa kabisa kubadilisha. Alisema miguu yake imesikilizana.

Musifikiri alikuwa malaika. Ngoja niwaambie.

Huyu mama mwenye alikalisha batu ba korti mu nyumba moja, yeye mwenyewe hakuwa anasalimiana na mama mumoja wa kwaya yake. Juu ya nini? Juu ya kinu. Yule mama aliazima kinu ya kutwangia sombe, akairudisha na ufa. Bale bawili banaimba sauti moja, bamesimama bega kwa bega, banamusifu Mungu, na habasalimiane. Nilimuambia, Mama Shemasi, wewe unapatanisha dunia, kinu inakushinda? Akanijibu bila kugeuka: "Ile ya batoto ni kazi ya Mungu. Ile ya kinu ni yangu."

Na maombi yake. Ku kanisa alikuwa anaomba mpaka batu banabadilisha mguu. Nyumbani, siku ya kupokezana batoto, alikuwa anaomba macho wazi, anaangalia chungu. Bugali ikianza kutokota, Amina inafika mbio, hata kama alikuwa bado ku bajane na bayatima. Papa Riziki alikuwa anasema ngambo ya kitenge: leo bajane bamenusurika, moto ni mudogo.

Tena alikuwa anapenda mieleka ya televizyo, ile ya banaume banene benye banavaa kaputula ya kung'aa. Aliamini yote. Ukimuambia ni muchezo, anakasirika siku nzima. Alikuwa na mutu wake mwenye nywele ndefu, na siku yule mutu alirushwa inje ya kamba, Mama Shemasi alizima televizyo akaenda kulala mbele jua haijashuka. Alikuwa anacheka na mukono ku mudomo, juu ya jino yenye ilitoka. Lakini ku simu, kwenye hakuna mutu anamuona, alikuwa anacheka wazi wazi, mpaka unaondoa simu ku sikio. Mimi nilikuwa namupigia hata bila maneno, nisikie ile kicheko tu.

Sasa ile kitenge. Nyuma ya kitenge mutu anasema mambo yenye uso haiwezi. Miaka yote bakiwa mu ndoa, mimi na mukwe wangu hatukusema maneno ya kujaza kikombe. Ku Hilliard ndiyo tulianza kuzungumuza. Namuambia meno ya Riziki inatoka vibaya. Ananiambia Dieumerci kule analala na taa. Binti yangu ako kando yangu, anamenya vitunguu, kimya. Siku moja Papa Riziki akasema: "Mama mukwe, mumuambie binti yenu dawa ya kifua ya Dieumerci iko mu mufuko ya pembeni." Mbele nifungue kinywa, binti akajibu, anasemesha kitenge: "Nimesikia."

Neno moja tu. Lakini ngambo ile nikasikia mutu anasema asante. Mama Shemasi alikuwa kati ya jikoni na salon na sahani mu mikono, ananiangalia, anainua nyusi sawa mutu mwenye ameshinda mieleka.

Bon. Tukafika ku mwaka yenye Papa Riziki aliomba jaji amuongezee siku na batoto. Huku Buffalo, korti inapatiaka batoto avoka yao peke yao, hata kama mutoto ananyonya kidole bado. Yetu alikuwa mwanamuke kijana, sauti ya pole. Akauliza Dieumerci namna banapokelewaka ku Columbus. Dieumerci akaeleza vizuri sana, juu ile muchezo aliipenda: kuko kitambaa, Koko, ndivyo bananiita mimi nyanya yao, anajificha nyuma yake, Papa hapashwe kumuona Koko, na sisi tunapita chini.

Avoka akaacha kuandika. Akapigia mwenye nyumba simu, na mutafsiri mu simu ile ile. Mama Shemasi akafurahi kama nini. Alifikiri mwisho korti imesikia kazi yake. Alitueleza kisha, maneno kwa maneno, namna alijibu: "Muambie jaji asikuwe na wasiwasi. Tangu banakuja kwangu, yule mwanaume hajaona uso ya yule mama hata mara moja. Mulango yake ni ingine. Kitambaa naifunga mimi mwenyewe, na kamba ni ya nguvu."

Ingieni mu kichwa ya yule avoka. Angefikiri nini? Kwao hakukuwaka mihindi ya mukwe kuingia. Aliona mwanaume mukali na mama muzee mwenye anajificha. Mama Shemasi alijisifu heshima, korti ikasikia woga.

Avoka wa binti yangu ndiye alipiga simu, na sauti ya mutu mwenye analeta habari njema. Alisema avoka wa batoto ataomba jaji aondoe vakansi za Louisville. Papa Riziki atakuwa anakuja Buffalo, anaona batoto mu ofisi, na mutu wa ulinzi amekaa kando, kisha anarudi. Ile njia yote, kwa kuangalia batoto bake mu kiti ya plastiki.

Binti akakuja akakaa ku kitanda yangu. Akasema: "Mama, nikinyamaza tu, nitashinda."

Nikamuuliza atashinda nini.

Akavuta uzi ya blanketi. Siwezi kuwaambia kilikuwa nini mu roho yake. Alikuwa na maumivu yake, na yule mwanaume hakukuwa mutakatifu. Lakini hakukuwa mutu wa kufichiwa batoto. Mwisho akachukua simu, na hakupigia avoka. Alipigia Mama Shemasi, akamueleza maneno yake imefika wapi. Mara ya kwanza mu maisha yangu nilisikia ile simu bila kicheko. Kisha Mama Shemasi akauliza korti iko siku gani.

Yule mama alikuwa anaogopa safari. Hata kwenda kanisani alikuwa anafunga macho ku barabara kubwa. Alipanda basi peke yake kutoka Columbus, akashuka huku na viatu vyake vya theluji na ndoo ya mandazi ku mukono. Askari ba mulango ya korti bakafungua ndoo, bakanusa, bakafunga. Akasema kama bangeomba, angebapatia.

Ku koridor ya korti Papa Riziki alikuwa amekaa ku benchi, suti yake ya ndoa, kichwa chini. Aliponiona akageukia ukuta. Mimi nikavuta kitenge ku uso, nikatafuta nguzo ya kujificha. Mama Shemasi akanishika mukono.

"Kaa hapa."

"Mama Shemasi, huyu ni mukwe wangu."

"Ninajua ni nani. Kaa."

Papa Riziki akasimama akimbie. Mama Shemasi akamukamata koti. "Na wewe, kaa. Hapa hakuna mihindi ya kuingia. Munataka baseme munaogopana mpaka batoto baishie mu ofisi? Kaeni. Kuleni."

Akafungua ndoo. Akapasua andazi moja, nusu kwa mukwe, nusu kwangu. Mimi nimezaliwa, nimezaa, nimekimbia vita, nimepanda ndege, lakini kitu ngumu ya kumeza sawa ile andazi sijaona. Bega yangu na bega yake inagusana. Naona shingo yake inatoka jasho. Anatafuna polepole, anaangalia ukuta, na machozi inashuka mpaka ku tai. Nilitamani nimufunike na kitenge yangu, masikini, juu aibu yote ile alikuwa anaibeba kwa batoto. Binti yangu alikuwa amesimama upande ingine ya koridor. Hakukuja karibu. Lakini hakugeuka pia.

Avoka wa batoto akatoka ku mulango, akatuona, akasimama. Mama Shemasi akaita mutafsiri wa korti, kijana Murundi, akasema:

"Muambie hivi. Mimi nilieleza vibaya. Kwetu, mwanaume mwenye anaheshimu mama wa bibi yake anajificha asimuone. Huyu anajificha mpaka leo, hata kama bibi alimuacha. Mutu mubaya hafichaki uso, mutoto yangu. Mutu mubaya anakuangalia tu."

Kijana akatafsiri, na naona akaongeza yake kidogo, juu Barundi pia banajua bukwe, ile heshima ya bakwe. Avoka akaniuliza mimi, polepole, kama ninaogopa huyu mutu. Nikamuambia kitu yenye niliogopa ni ile andazi. Akacheka. Akasema hata yeye ako na mama mukwe, na angependa kujua kitambaa kama ile inauzwa wapi. Mama Shemasi akamupatia andazi.

Jaji hakupatia Papa Riziki yote yenye aliomba. Aliacha vakansi namna ilikuwa, akasema Krismasi bapokezane, mwaka huu kwa mama, mwaka kesho kwa baba. Lakini ile mambo ya ofisi na mulinzi ikafa palepale. Papa Riziki alitoka mule anatembea sawa mutu mwenye amewekewa magoti mupya.

Mukifikiri kitenge ilitoka tangu siku ile, hamukumujua Mama Shemasi. Mara yenye ilifuata, tukakuta kamba imekazwa kuliko zamani. Nikamuambia tulishaka kula pamoja, haya imeisha. Akasema korti ni korti, bukwe ni bukwe. Tena akakata kesi: mukwe ameona mama mukwe anatafuna, lazima alete kuku. Na kuku ya uzima, si ya friji.

Papa Riziki akaileta. Aliinunua kwa mukulima mu njia, akaiweka mu karton, batoto bakaimbia ile kuku nyimbo za kanisa mpaka Hilliard. Dieumerci akafungua karton aipatie hewa. Kuku ikatoka, ikakimbia mu parking kati ya magari, Papa Riziki nyuma yake, Mama Shemasi nyuma ya Papa Riziki na mwiko ku mukono, jirani mumoja Mumarekani amesimama na mbwa yake hajui amusaidie nani. Binti yangu alikuwa ku dirisha ya jikoni. Nilimusikia anacheka. Kicheko ya zamani, ile alikuwa nayo mbele ya ndoa na mbele ya safari. Nikajifanya naosha sahani, nisimuharibie.

Miaka ile ilikuwa mizuri, hata kama ilikuwa ya kuachana. Nawaambia ukweli, kuko ndoa nzima zenye hazipataka ile raha tulipata mu nyumba ya kuachana. Mpaka leo nikisikia harufu ya ndagala inakauka ku mafuta, nasikia ile mulango ya mbele, na kikohozi.

Mara ya mwisho ilikuwa mwisho wa vakansi, batoto banarudi shule. Miguu ya Mama Shemasi ilikuwa imevimba, hoteli ilishamuacha. Mutoto yake wa kiume alikuwa anakuja kumuchukua, amupeleke kwake, mbali, kule kwenye joto haiishe. Tulikuta makarton mpaka ku dari. Ku kabati ya koridor nguo za batoto tu ndizo zilibaki. Kamba haikukuwepo. Alipika, lakini alisahau chumvi, na safari hii ya kweli. Hakuna mutu alisema. Tulikula bote, mbele na nyuma. Nilimuona anatafuna, anasimama, anajua. Riziki akamuletea maji. Mama Shemasi akamuita na jina sikuijua, naona ya binti mwingine wa zamani. Riziki akaitika.

Kisha akabaita bazazi bote bawili mu salon. Mimi nikabaki jikoni, nimeegemea ukuta, juu sasa sikukuwa na kitu ya kunificha.

"Mimi naenda," akasema. "Kituo ya mafuta hamurudie. Papa Riziki, utakuwa unafika mpaka ku mulango yao, Buffalo. Mama Riziki, mulango ni yako."

Papa Riziki akasema yeye atafika, hata iwe mbali namna gani. Binti yangu akageukia makarton. Mama Shemasi hakumusukuma. Alikunja nguo za batoto, za Louisville na za Buffalo, akaziweka mu mufuko moja, akamupatia Riziki aibebe. Alitusindikiza ku gari, yeye mwenye hakusindikizaka mutu, juu ya kuchunga chungu. Nikamuambia ningemupigia simu kila wiki. Akaweka mukono ku mudomo, akacheka, akasema nipige hata bila maneno. Kumbe alijua.

Columbus ikabaki nyuma kabisa. Binti alikuwa anakaza volan ya kuendesha gari kwa mikono miwili. Mwisho akasema, sawa anajisemesha: "Akifika ku mulango, mimi sitaweza kumufungulia. Mikono yangu itakataa."

Sikumulaumu. Na mimi ningesaidia nini? Mukwe akigonga, mimi ndiye wa kwanza kukimbilia chumbani. Nikaanza kumuona Papa Riziki mu roho yangu, amesimama inje, anagonga, na mu nyumba nzima yenye batu hakuna mutu wa kufungua.

Riziki alikuwa kando yangu, kichwa ya Dieumerci imelala ku mapaja yake. Nilifikiri anasikiliza muziki. Akatoa ile nyuzi ku masikio. Alianza na Kiingereza, akaona uso yangu, akarudi mu Swahili yake ya kuokota-okota, na alisema kwa sauti mama yake asikie pia:

"Koko, mulango nitafungua mimi. Kila mara. Hata theluji ikifika ku dirisha, Papa hatangoja inje."